Kinenaji cha Tanuri Kuu

"Sisi wafanyakazi wote wa Tanuri Kuu tumekataa," Kinenaji kilitangaza.

Sauti ilitoka kwenye kuta zote za kiwanda. Kila mfanyakazi wa jiji la Mkombozi alivaa shingoni kinasasauti, mkanda mwembamba uliopeleka maneno yake kwenye mtambo huo wa Kinenaji, nao mtambo ukayachekecha na kutoa jibu moja kwa niaba ya umma. Chama cha Kikomunisti kilijivunia Kinenaji kuliko vyombo vya anga vilivyoundwa hapo. Mikutano ya nini tena?

Kilichokataliwa ni chama huru cha wafanyakazi. Kikikosa kukubaliwa, waasisi wake wangepelekwa kuchimba madini mwezini, na huko hakuna aliyewahi kurudi.

"Umesikia mwenyewe, Ndugu Tausi," alisema Katibu Ndimbo wa Chama. "Serikali ni ya wafanyakazi. Utajigomeaje?"

Tausi Mbonde, fundi wa tanuri na mwasisi wa chama hicho, aliogopa. Hata hivyo alisogea mbele.

"Ndugu Katibu, nikiita majina kwanza kuna ubaya?"

Pale tanuri haliwashwi moto mpaka kila mmoja aitwe na kuitika, isije ikawa mtu yumo ndani. Ndimbo naye aliwahi kufanya kazi ya tanuri. Alishindwa kukataa.

"Sefu Matola."

"Nipo," Sefu akaitika.

"Yoramu Mbonde."

"Nipo," kikajibu Kinenaji kwa sauti changamfu ya kiume.

Kiwanda kizima kikageukia kuta. Yoramu, mume wa Tausi, aliungulia tanurini mwaka juzi, na wote walimzika. Tausi alilia bila kujificha.

"Na wewe umetukataa, baba Neema?"

"Nimekataa," sauti ya Yoramu ikajibu kwa upole.

"Ni hitilafu tu," Ndimbo alisema haraka. "Tutaifuta leo hii."

"Msiifute. Waacheni wafu wabaki na mtambo wenu. Sisi tulio hai tunatoka."

Tausi alifungua mkanda wake akauweka sakafuni. Sefu akafuata, kisha safu nzima, kisha kiwanda. Walinzi waliangaliana tu. Kinenaji kikahesabu upya sauti zilizobaki.

"Sisi wafanyakazi mia tatu na sita tumekataa."

Waliokufa pale walikuwa mia tatu na sita. Chama hakikuwahi kuwataja.

Tausi alifuta machozi, akawageukia wenzake.

"Anayekitaka chama chetu," alisema, "aitike kwa kinywa chake."

Wakaitika.