Pasi Kwenye Meza ya Zamani

Asubuhi nyumbani kwa dobi ilianza kwa maji. Kabla jua halijapanda, Baba alikuwa ameshajaza mapipa nyuma ya nyumba, Bibi ameshakoroga wanga wa nguo kwenye sufuria, na binti wa dobi, Kasuku, alikuwa akitafuta kiatu chake cha kushoto huku akiongea peke yake. Ndiyo maana wakamwita Kasuku. Akiamka anaongea, akila anaongea, na Bibi alisema hata akilala mdomo wake haupumziki, unaingia zamu ya usiku.

Mtaa wao ulikuwa nyuma ya soko. Nguzo ya mwisho ya umeme ilisimama mbele ya duka la mikate, na waya uliishia hapo. Kwa hiyo Baba alipiga pasi kwa mkaa. Pasi yake ilikuwa ya chuma, nzito, yenye jogoo mdogo juu ya kifuniko na mpini wa mbao aliouzungushia kitambaa. Aliijaza makaa, akaipunga huku na huku mpaka yakolee, akaijaribu kwenye kitambaa kibichi, kisha akaipitisha juu ya shati jeupe bila kudondosha hata chembe ya jivu. Watu wa mitaa yenye umeme walimletea nguo kwa sababu ya mkono wake.

Jirani yao wa ukuta mmoja alikuwa kinyozi, rafiki wa Baba tangu ujana wao. Vitambaa vyake vyeupe vya kuwafunika wateja vikikunjamana, kinyozi alipitisha mkono dirishani kwa Baba, akachukua pasi, akapiga, akairudisha. Hakuomba, wala Baba hakutaka aombe. Kasuku alimwita Mjomba, ingawa hawakuwa ndugu.

Shuleni, darasa lao lilikuwa likiandaa maonyesho. Mwalimu wa historia alitaka wazazi wa kamati ya shule waone jinsi kazi za binadamu zilivyobadilika, kutoka jiwe la kusagia hadi mashine. Alipanga meza mbili. Moja aliibandika karatasi yenye neno ZAMANI, nyingine SASA. Binti wa mfamasia alikuwa ameshaleta pasi ya umeme, inayong'aa, inayotoa mvuke kama birika.

"Sasa tukipata na pasi ya mkaa ya watu wa kale, tutakuwa tumekamilika," alisema Mwalimu. "Sijui kama kuna mtu bado anayo."

Mkono wa Kasuku ulikuwa juu kabla akili yake haijafika. "Mimi ninayo, Mwalimu!"

"Mnaitumia?" aliuliza binti wa mfamasia, akicheka.

Uso wa Kasuku ulipata moto. Aliitazama ile meza ya zamani. Kulikuwa na kandili, kinu, ndoo ya kutekea maji. Kila kitu pale kilikuwa nyumbani kwao, na kilikuwa kimetumika asubuhi ile. Ilikuwa kana kwamba mtu ameingia jikoni kwa Bibi, akabeba vyombo vyote na kuvianika mbele ya darasa.

"Tuitumie wapi!" alijibu. "Ni ya babu mzaa babu. Iko kabatini sebuleni, pambo tu."

Jamani! Nyumba yao haikuwa na kabati, na hiyo sebule ndiyo alimolala Bibi. Lakini darasa zima lilimwangalia kwa heshima, na Mwalimu akasema vizuri sana, ailete Jumatano.

Kumwomba Baba hakukuwezekana. Baba angesema pasi ni ya kazi, au mbaya zaidi, angekuja nayo mwenyewe shuleni, akiwa na mikono yake iliyokauka kwa sabuni, aeleze jinsi anavyoitumia kila siku. Kasuku akapiga hesabu zake. Jumatano ilikuwa siku ya kufua, si ya kupiga pasi. Angeichukua asubuhi na kuirudisha jioni, na nani angejua? Jumatano akaikung'uta jivu haraka haraka, akaitia ndani ya mfuko wa gunia, na kutoka bila kuaga. Bibi alishangaa ukimya ule, akadhani mtoto anaumwa jino.

Darasani, binti wa mfamasia aliifungua ile pasi na kuchungulia ndani. "Mbona ina jivu?"

"La zamani," alisema Kasuku.

"Jivu la zamani ndilo laini hivi?"

"Babu alitumia mkaa mzuri," alisema Kasuku, na akaenda kukaa mbali.

Mchana alirudi nyumbani kula. Kabla hajafika mlangoni alisikia sauti ya Baba, na Baba si mtu wa kupaza sauti. Watu walikuwa wamesimama nje kwa kinyozi, mmoja wao ana sabuni kidevuni.

"Nakuuliza kwa mara ya mwisho, pasi yangu iko wapi?"

"Na mimi nakujibu, sijaigusa tangu juzi!"

"Nani mwingine anaingiza mkono dirishani kwangu? Umeiuza? Sema tu kama umeiuza!"

Kinyozi alimtazama Baba kwa muda, na uso wake, ambao siku zote ulikuwa tayari kucheka, ukawa kama umefungwa kwa ufunguo. "Umeniita mwizi," alisema taratibu. "Mbele ya wateja wangu." Akaingia ndani. Yule mwenye sabuni kidevuni akaangalia huku na huku, akaipangusa kwa kiganja na kuondoka zake. Wengine wawili wakamfuata.

Ndani, Kasuku aliona kilichotokea. Asubuhi hoteli iliyo karibu na stendi ilikuwa imeleta mzigo wa haraka, makoti meupe ya wahudumu na vitambaa vya meza, kwa sababu walikuwa na wageni wengi jioni. Baba alikuwa ameufua wote, na jua limeukausha. Jiko lilikuwa na makaa mekundu, tayari, na hakuna cha kuyatia. Hoteli ile ndiyo iliyolipa kodi ya nyumba. Walikuwa wamesema wazi kwamba wasipopata mzigo kabla ya jioni, watatafuta dobi mwingine, basi.

"Kula, mwanangu," alisema Bibi kwa sauti ndogo. "Leo kuna mkosi hapa."

Kasuku alishika kijiko, hakula. Sema, alijiambia. Sema sasa hivi. Lakini ule mdomo usiopumzika ulikuwa mzito kama umejaa wanga. Angesemaje? Kwamba ameiba pasi ya baba yake, kwa sababu anamwonea haya baba yake? Machozi yalimtoka. Akasimama, akakimbia kurudi shuleni. Alikuwa amepanga kuichukua kimyakimya, airudishe dirishani, na asiseme neno.

Mpango huo nao haukufaulu. Wazazi wa kamati walikuwa wameshafika na walikuwa wamezunguka meza. Mwalimu alikuwa ameishika pasi juu kwa mikono miwili.

"Kifaa hiki kilitumiwa na watu wa kale, kabla ya maendeleo kufika," alikuwa akisema. "Ah, huyu hapa aliyekileta! Njoo utuelezee pambo lenu."

Kasuku alisogea. Angeweza kusema tena habari za kabati na babu mzaa babu. Alikuwa ameshazizoea, zilikuwa zinamngoja mdomoni. Lakini akilini alimwona Mjomba akiingia ndani peke yake, na wateja wake wakiondoka.

"Si pambo, Mwalimu," alisema. "Ni ya Baba. Baba ni dobi na anaitumia kila siku. Nimeichukua bila kumwambia, na sasa ameshindwa kazi ya hoteli, na amemwita jirani yetu mwizi. Naomba niirudishe. Makaa yanazima."

Nyuma mtu alicheka, kisha wakacheka wengi. Kasuku aliinamisha kichwa akitamani ardhi ipasuke immeze. Ila kicheko kilikatika ghafla, maana Mwalimu alikuwa ameibandua ile karatasi ya ZAMANI na anaikunjakunja mkononi. Na yeye alionekana ameona haya.

"Msimcheke," alisema. "Nichekeni mimi. Nani nyumbani kwao wamewasha kandili wiki hii?"

Mwanzoni hakuna aliyejitokeza. Kisha ukapanda mkono mmoja, kisha mwingine, halafu nusu ya darasa. Hata mama mmoja wa kamati aliinua mkono wake, akicheka kwa haya.

"Nimewafundisha vibaya," alisema Mwalimu. "Nimewafanya mfikiri kwamba binadamu wote walitoka meza hii wakahamia ile siku moja, kama darasa linalohama chumba. Haikuwa hivyo. Kwa muda mrefu sana karibu watu wote duniani waliishi kwa nguvu za mikono yao na za wanyama. Kisha mashine za mvuke na viwanda vikaanza katika nchi chache, nazo zikatajirika kuliko nyingine. Sehemu ya utajiri huo ilitoka kwenye jasho la watu wa mbali, waliotawaliwa na kufanyishwa kazi kwa nguvu. Tangu hapo mengi yamekuwa mema, watoto wengi zaidi wanasoma na wanapona magonjwa. Lakini mema hayo hayakugawanywa sawa, si kati ya nchi na nchi, wala kati ya mtaa na mtaa. Dobi huyu si mtu wa kale. Anaishi leo, kama mimi. Ni waya tu ambao haujamfikia." Akampa Kasuku pasi. "Kimbia. Nami nitakuja kumwomba baba yako radhi."

Kasuku alikimbia mpaka mbavu zikamuuma. Aliiweka pasi mbele ya Baba na kusema yote, bila kupunguza, hata ile ya kabati. Baba hakumpiga, wala hakufoka. Alikaa kwenye kigoda chake kama mtu aliyeishiwa nguvu.

"Ulinionea haya," alisema.

Kasuku alilia kwa sauti. Ilikuwa kweli.

"Basi na mimi leo najionea haya," alisema Baba. "Rafiki yangu aliniambia kweli, sikumwamini. Inuka twende."

"Na kazi ya hoteli?" aliuliza Bibi.

"Itangoja. Hili halingoji."

Kinyozi alikuwa ameketi kwenye kiti cha wateja wake, peke yake, akijitazama kwenye kioo. Baba hakuingia. Alisimama barabarani, pale pale alipotukana, akaanza kuongea kwa sauti ile ile, wapita njia wakageuka kusikiliza. "Nilimwita huyu bwana mwizi. Nimesema uongo. Pasi ilichukuliwa na binti yangu. Naomba msamaha." Kisha Kasuku akasema yake, akipiga magoti, maneno yakitoka vipande vipande.

Kinyozi hakuinuka. "Wewe unanijua tangu hatujaota ndevu," alimwambia Baba. "Uliniumiza. Siwezi kukudanganya kwamba imeisha."

"Najua," alisema Baba.

Hatimaye kinyozi akainuka, akakunja mikono ya shati. "Hayo makaa yako yako hai au umeyaacha yafe? Mtu mmoja apige, mwingine akunje. Ukichelewesha mzigo wa hoteli na mimi nikiwa hapa, watu watasema tuna wazimu sote."

Wakafanya kazi pamoja bila mzaha wao wa kawaida. Baba akapiga, kinyozi akakunja, Bibi akanyunyiza maji, na Kasuku akapepea makaa huku akiwasimulia maneno ya Mwalimu, mpaka macho yakajaa moshi. Mzigo ulifika hotelini wakati wahudumu wamesimama mlangoni na fulana tu, wakiungoja. Msimamizi alinung'unika, akahesabu, akapokea.

Waliporudi, Kasuku alibaki nyuma mlangoni kwa kinyozi. "Mjomba, bado umekasirika?"

"Bado kidogo," alijibu kinyozi, akikung'uta kitambaa chake cheupe. "Nisikilize. Kama viwanda vilianza mbali na sisi, hukuvianzisha wewe. Kama nguzo ya umeme iliishia kwenye mikate, si baba yako aliyeing'oa. Hayo ni makubwa, na tutayadai sote, tukiwa wengi. Usiyaonee haya, maana si yako. Lako ni moja tu, uliniona naitwa mwizi ukaenda zako. Ni dogo ukilipima na hayo mengine, lakini ni lako peke yako, na hakuna atakayekubebea."

"Nitalibebaje, Mjomba?"

"Kesho wateja wangu wale watatu watapita hapa kwenda sokoni. Utasimama hapa mlangoni, utawaambia mmoja mmoja."

Asubuhi iliyofuata, kabla ya kwenda shule, Kasuku alisimama pale. Alipomwona wa kwanza akija, uso ulimwaka, akatamani kujificha nyuma ya pazia. Hakujificha. Alimwamkia, akamwomba asimame kidogo, akaanza kusema.