Jina Chini ya Picha za Rubani Halvard

Kila siku Ilona Kovach aliporudi kutoka shuleni alimkuta baba yake pale pale alipomwacha asubuhi, ameinamia meza iliyo karibu na dirisha, kalamu ya wino mkononi, macho mekundu kama ya mtu aliyekata vitunguu. Ilona alikuwa na miaka kumi na miwili na alizijua kazi zake: kuteleka kahawa, kupasha moto supu ya kabichi, na kutomsemesha baba mpaka amalize mstari anaouchora. Mama alikuwa kiwandani, akishona kofia kama nusu ya akina mama wa Danbury, mji wao huko Marekani.

"Baba, umekula?"

"Nitakula."

"Hata jana ulisema hivyo."

"Na jana nilikula. Au sikula? Sikumbuki, mwanangu." Baba akafikicha macho. "Halvard amekwama kwenye mwezi wa Zohali, na leo ni Alhamisi. Lazima nimtoe huko kabla ya kesho."

Nani hakumjua Rubani Halvard? Jumapili watu walifungua ukurasa wa katuni yake kwanza, ndipo wakasoma habari za vita vya Korea. Alianzia gazetini mwaka 1931, akaingia redioni, akapanda kwenye sinema, na sasa, mwaka 1953, alikuwa amefika kwenye televisheni. Chini ya picha zake palikuwa na sahihi moja tu: Amos Teasdale. Lakini kwa miaka tisa, tangu baridi yabisi ikakamaze vidole vya Mzee Teasdale, mchoraji alikuwa Stefan Kovach, baba yake Ilona. Mzee alitunga hadithi, Stefan akachora, na sahihi ikabaki ile ile.

Jambo hilo lilimchoma Ilona. Roy Pelletier, mwanafunzi mwenzake, alizidi kumtia chumvi kwenye kidonda.

"Eti babako ndiye anamchora Halvard! Mbona jina lake halipo? Labda anafagia tu kwa Teasdale!"

Darasa zima likaangua kicheko.

Wiki hiyo hiyo Mwalimu Lathrop aliwaambia waandike historia ya kitu chochote kilichoanzia sehemu zao. Insha bora ingechapishwa katika gazeti la mji. Ilona akaandika kurasa nne. Alieleza jinsi watu wa redio walivyotikisa bati ili kutoa mngurumo wa roketi. Alieleza sinema ya sehemu kumi na mbili, ambamo roketi ilining'inia kwenye waya huku moshi wake ukipanda juu moja kwa moja kama wa jiko. Yote hayo yalikuwa kweli. Sentensi moja tu haikuwa kweli: "Rubani Halvard alibuniwa mwaka 1931 na baba yangu, Stefan Kovach."

Mwaka huo Stefan alikuwa mvulana wa miaka kumi na minne, aliyeshuka melini juzijuzi na wazazi wake, hata Kiingereza hakijamkaa mdomoni.

Insha ya Ilona ikawa ya kwanza, ikachapishwa Jumamosi. Mchana kutwa alitembea kifua mbele. Jumatatu aliporudi nyumbani, baba hakuwa anachora. Kalamu ilikuwa imelala kavu, na gazeti lilikuwa magotini pake.

"Kampuni inayosambaza katuni imepiga simu," alisema. "Wanasema kama nadai kisicho changu, nisiwapelekee tena ukurasa hata mmoja. Ilona, umeandika nini?"

Ilona alitegemea kufokewa. Baba hakufoka. Aliegemea kiti kama mtu anayetua mzigo katikati ya mlima.

"Mgongo umechoka, mwanangu. Macho yamechoka. Hayo nimeyazoea. Lakini aibu hii sijui niiweke wapi."

"Lakini ni wewe unayechora, Baba! Waongo ni wao!"

"Nachora, sikubuni. Hayo ni mambo mawili. Vaa koti lako, twende."

Mzee Teasdale aliwafungulia mlango mwenyewe, amevaa ndara, vidole vyake vimejikunja kama miguu ya kuku. Gazeti lilikuwa mezani pake.

"Mzee, mimi ndiye niliyeandika. Baba hakujua lolote. Nilidanganya. Naomba unisamehe."

Mzee akaelekeza kidevu kwenye droo ya meza. "Nivutie droo hiyo, mama. Vidole vyangu haviiwezi."

Ndani mlikuwa na karatasi iliyogeuka manjano. Ilikuwa picha ya Halvard wa kwanza kabisa, wa penseli, amevaa kitu kama sufuria kichwani.

"Nilimchora mwaka ule kiwanda cha kofia kilipotuachisha kazi sote. Magazeti kumi na saba yalinikataa. La kumi na nane likasema, mlete, lakini mvue hiyo sufuria."

Ilona alicheka bila kutaka.

"Redio wakampa sauti isiyo yake," mzee aliendelea. "Sinema wakamwoza mke. Hawa wa televisheni wamemvisha suruali ya kubana hata kuinama hawezi. Kila mtu amemchukua akamfanya wake. Nikajiambia, angalau sahihi ni yangu." Akamgeukia Stefan. "Na sahihi hiyo nimeiweka juu ya jasho lako miaka tisa."

"Tulikubaliana, Mzee."

"Tulikubaliana, ndiyo. Haki je? Kila nilipotaka kusema, nilijiona nimechoka. Mtoto huyu amekosa, lakini amekuja kusema. Mimi sikwenda popote."

Hapo hapo akaomba Stefan amzungushie namba za simu. Aliwaambia wakubwa wa kampuni kwamba kosa lilikuwa la mtoto na limeungamwa, kwamba Stefan anaendelea na kazi, na kwamba kuanzia mwezi ujao majina yatakuwa mawili. "Hamtaki? Basi tafuteni na mtunzi mwingine!"

Sehemu iliyobaki ilikuwa ya Ilona. Kesho yake alisimama mbele ya darasa akasema ukweli. Ushindi ukaenda kwa msichana aliyeandika juu ya kofia.

"Kwa hiyo anafagia kweli?" Roy alichokoza.

"Anachora," Ilona alijibu. "Ila hakubuni." Safari hii hakuna aliyecheka.

Mwalimu Lathrop alimrudishia insha aiandike upya. "Uliandika kurasa nne za kweli, Ilona. Sentensi moja ya uongo ikafanya zote nne zishukiwe."

Jumapili moja ya Machi gazeti likaja na majina mawili chini ya katuni. Ilona alikimbia nalo hadi jikoni. Baba aliinama, akakodoa macho yake mekundu.

"Wamekosea herufi," alisema. "Wameandika Kovack."

Mama akaangua kicheko, na baba naye akacheka.

"Tutawaandikia warekebishe," alisema, akimshika Ilona bega. "Jina la mtu hujengwa na kazi, mwanangu. Likikosewa, husahihishwa kwa ukweli, hata kama ukweli unakawia. Uongo wako ulinipa sifa ya siku moja, ukataka kuninyang'anya kazi ya miaka tisa."

Kisha, kwa mara ya kwanza baada ya wiki nyingi, badala ya kwenda mezani kuchora, akarudi kitandani na kulala.