Karatasi ya Bibi Otilia

Kila jioni, baada ya kuosha vyombo, Evodia alimsomea bibi yake karatasi zilizoingia nyumbani: ankara ya maji, tangazo la mtaa, barua ya jumuiya. Bibi Otilia alikuwa mhudumu wa zahanati kwa miaka thelathini, lakini sasa mtoto wa jicho alimfanya aone ukungu mtupu. Karatasi waliyoirudia mara nyingi ilikuwa hukumu: halmashauri imlipe malimbikizo ya mshahara wake. Mwaka mzima ukapita, halmashauri ikajitia uziwi. Bibi hakubembeleza mtu. Alirudi mahakamani, na sasa mkurugenzi aliitwa aeleze kwa nini asifungwe kwa kuidharau mahakama.

Siku moja kabla ya kesi, Bwana Edwin, afisa wa halmashauri, alipiga hodi.

"Shikamoo, bibi. Weka dole gumba hapa tu, mambo yaishe. Pesa zinaingia wiki ijayo."

"Marahaba. Evodia, soma."

Evodia alisoma jina na tarehe, kisha akakwama. Mstari uliofuata ulisema: Nimelipwa stahiki zangu zote na sidai chochote.

Bwana Edwin akamwinamia sikioni. "Si unaripoti kidato cha kwanza Jumatatu? Ruka hapo, mwanangu. Utaondoka na sanduku jipya na godoro."

Evodia aliutazama tena ule mstari. Shule ya bweni ilikuwa Namanyere, naye hakuwa na godoro, sanduku wala sare. Mstari mmoja tu, nani angejua?

"Mbona kimya?" Bibi aliuliza.

Evodia akausoma mstari wote, kwa sauti hata jirani akasikia.

Bibi aliinyakua karatasi, akaifunga kwenye pindo la kitenge chake. "Kamwambie mkurugenzi wako sijawahi kudanganya kazini, na sitaanza uzeeni. Tutaonana mahakamani!"

"Bibi, nirudishie karatasi yangu."

"Umeniletea mwenyewe. Kwaheri!"

Kesho yake mkurugenzi alimwambia jaji kwamba malipo yalikuwa njiani. Bibi akasimama, akafungua pindo na kutoa ile karatasi iliyosema alishalipwa zote. Jaji aliisoma mara mbili, akakunja uso.

"Siku saba," alimwambia mkurugenzi. "Pesa zisipolipwa, unakwenda gerezani."

Siku ya sita pesa zikaingia zote. Evodia aliripoti shuleni akiwa amechelewa wiki nzima, ila godoro lilikuwa juu ya basi. Kabla ya kupanda alishindwa kujizuia.

"Bibi, nisamehe. Nilitaka kuuruka ule mstari."

"Nilijua. Ulinyamaza mno," Bibi alisema, akimshika bega. "Kutamani godoro si kosa, mjukuu wangu. Ila wakubwa wakikunyima haki yako, bado unaweza kusimama mbele ya jaji ukasema. Ukishaweka dole kwenye uongo wao, utasimama useme nini?"