Wachezaji Wasio na Nyuso

Giza lilikuwa linaanza kuingia mtaani Lurambi, Navalayo alipovuka barabara kwenda kwa Natasha kuazima waya wa skrini. Waya alikuwa nao. Alitaka kuona tu Natasha anavyofanya kazi.

Kwa miaka sita, aliyekuwa na gemu ya zamani inayovuruga picha kwenye kompyuta mpya alimletea Navalayo aitengeneze. Kisha Natasha akafungua duka ng'ambo ya barabara, na wateja wakahama mmoja mmoja. Hata Wesley, mchumba wa Navalayo mwenyewe! Gemu yake ya mpira ilikuwa ikionyesha wachezaji wasio na nyuso. Navalayo alihangaika nayo wiki mbili. Natasha aliitengeneza kabla chai haijapoa, na Wesley akamsifu mpaka Navalayo akashindwa kula.

Mlango ulikuwa wazi kidogo. Harufu ya majani yaliyooza ikampiga. Ndani, Natasha alikuwa akisugua skrini kwa kitambaa cheusi, akinong'ona kama anayemwita mtu.

"Osundwa... njoo ukae hapa."

Uso ukajitokeza kwenye kioo cha skrini, kwenye kichwa kitupu cha mchezaji. Macho. Pua. Mdomo uliotetemeka.

Navalayo akapiga hodi.

"Waya? Nawekanga huko nyuma, ngoja nikuletee," Natasha alisema.

Alipogeuka tu, kitambaa kikaingia mfukoni mwa Navalayo.

Nyumbani alijifungia, akafungua nakala yake ya gemu ile ya Wesley. Wachezaji kumi na mmoja, vichwa vitupu kama mayai. Kitambaa kilikuwa na joto, kama kiganja cha mtu. Akasugua. Hakujua ataje jina la nani, basi hakutaja.

"Njoo ukae hapa."

Uso ukaja.

Ulikuwa wake mwenyewe.

Wa pili, wake. Wa tatu, wake... Wote wakaacha kukimbia, wakamgeukia.

Akachomoa waya wa umeme. Skrini ikabaki inawaka.

Akashika simu ampigie Wesley. Simu ilizoea kumfungukia ikimwona uso. Ikakataa. Akajaribu tena. Ikakataa.

Mlango ukagongwa. Akaufungua mbio, machozi yakimtoka. Ni Wesley! Akamrukia shingoni.

Wesley akamsukuma taratibu, akarudi hatua moja.

"Pole, siste. Navalayo ako?"

"Wesley, ni mimi!"

Wesley alimkazia macho, kisha akatoa simu yake, akapiga namba ya Navalayo.

Simu ikalia mkononi mwa Navalayo.

Wesley akaitazama. Akamtazama yeye. Sauti yake ikashuka.

"Hiyo simu umetoa wapi?"