Maandishi ya Pembeni

Walikutana kwa mtengeneza simu, mahali ambapo hakuna anayeonekana mzuri. Kila mtu pale alikuwa na simu iliyokufa mkononi na hasira usoni. Vibanda ishirini vilibanana kwenye ghorofa moja, kila kimoja na muziki wake, na harufu ya waya zilizoungua ilikuwa ikishika nguo.

Mwanamke alikuwa ametoka kazini moja kwa moja. Blauzi yake nyeupe ilikuwa na doa la chai kifuani, sketi ya bluu ilijikunja nyuma kwa kukaliwa muda wa saa tisa, na katikati ya nywele kulikuwa na mfereji, pale hedifoni inapokaa siku nzima. Viatu vya kisigino vilikuwa ndani ya mkoba. Miguuni alivaa ndala.

Mwanaume aliyesimama mbele yake alivaa ovaroli yenye grisi magotini. Alishika simu ya zamani yenye kava la waridi, betri yake imevimba mpaka kioo kimeinuka.

"Kaka, hiyo itakulipukia."

"Ikilipuka nitapumzika," alijibu bila kugeuka.

"Basi kapumzikie mbali. Mimi nina mtoto wa kulea."

Hapo akageuka, akacheka. Alikuwa na macho mekundu ya mtu asiyelala vya kutosha na meno mazuri sana.

"Kava la waridi limekupendeza," yule dada akaongeza.

"Simu ni ya mama."

Mtengeneza simu aliichukua, akaigeuza, akasema betri ya aina ile haitengenezwi tena, angetafuta iliyotumika. Mwanaume akamwambia mara tatu asifute kitu ndani. "Hata ukikuta uchafu, uache hapo hapo."

Waliondoka pamoja kwa sababu mlango ulikuwa mmoja.

"Unafanya kazi gani?" dada akauliza.

"Natengeneza lifti."

"Kumbe ni wewe! Nimekutukana wiki mbili. Ya ofisini kwetu imekufa, napanda ghorofa sita kwa miguu."

"Mimi napanda zaidi yako. Fundi lifti huitwa lifti ikishakufa. Na wewe?"

"Napokea simu za wateja. Kampuni yetu ina programu ya kufunga vitabu vya kusomea kwenye simu. Ukinunua kitabu, kinafunguka kwenye simu zako mbili tu. Huwezi kumrushia jirani, huwezi kukinakili. Watu wananitukana tangu asubuhi."

"Unawajibu nini?"

"Subiri kidogo."

Kuanzia siku hiyo mwanaume akamwita Subiri, naye dada akamwita Fundi. Kivuli kilichopita usoni mwa Fundi aliposikia kazi ya kampuni ile, Subiri hakukiona. Miguu ilikuwa ikimuuma.

Mapenzi yao yalikuwa ya watu waliochoka. Hawakwenda kucheza muziki. Walikaa kwenye benchi nje ya jengo lolote ambalo Fundi alikuwa akitengeneza, wakanywa soda, Subiri akavua viatu. Mengine yote yalipita kwenye simu.

"Bi Subiri, umekula?"

"Nimekula matusi."

"Ya leo yalikuwa na chumvi?"

"Kuna mzee mmoja ameniita mlinzi wa kaburi. Nikamwambia subiri kidogo, nikaenda kunywa maji, nikarudi. Akaanza upya."

"Mlete kwangu nimfungie ndani ya lifti."

"Mpenzi, unayetengeneza lifti ndiye utanifungia watu?"

"Kwa ajili yako, hata msimamizi wako."

Wiki ya tatu, kwenye benchi, Fundi alimwambia kwamba mke wake alifariki mwaka juzi, mwezi wa tatu. Alisema hivyo tu, akiangalia chupa ya soda. Subiri akamshika mkono. Naye akasimulia ya kwake: mume wake alikuwa na nyumba nyingine upande wa pili wa mji kwa miaka mitano, na alijua siku yule mke mwingine alipopiga simu kuulizia ufunguo wa akiba.

"Tangu hapo," alisema, "nikihisi kitu kimefichwa, nakifukua. Nakwambia mapema."

Fundi alisikia. Lakini hakufukua cha kwake.

Kulikuwa na mambo mawili. La kwanza, kila jioni kuanzia saa moja hadi saa moja na nusu Fundi hakupokea simu. La pili, kazi ya Subiri ilimnyamazisha. Siku moja Subiri alimsimulia habari za mwalimu mstaafu aliyeandika kitabu miaka sita, kabla hakijafungwa kwa programu yao, akakuta kinarushwa bure kwenye makundi ya simu ndani ya siku mbili.

"Alikaa kwenye kiti cha kaunta mpaka nikampa maji. Ndiyo maana navumilia matusi, Fundi. Mtu akihangaika na kitu, kiwe chake."

"Na mwenye akaunti akifa?"

"Inafungwa. Haki ya kusoma ni ya mtu, hairithiwi. Tukiambiwa tu amekufa, tunafunga siku hiyo hiyo. Kwa nini?"

"Nimeuliza tu," alisema Fundi, na akaangalia saa.

Jumatatu iliyofuata, wateja walipopungua, Subiri alifanya jambo ambalo alijua fika halifai. Kufungua akaunti ya mteja bila mteja mwenyewe kuomba ni kosa la kufukuzwa kazi. Aliandika namba ya Fundi kwenye kompyuta, akabonyeza.

Namba ilitokea kama namba ya pili, ya mume. Mwenye akaunti alikuwa mwanamke. Simu yake ilifunguliwa mara ya mwisho jana, saa moja na dakika sita jioni. Chini kulikuwa na kumbukumbu ya miezi mitatu nyuma: *Mume amepiga. Anasema mke yuko safarini, atathibitisha mwenyewe akirudi.*

Aliisoma mara nne. Basi mke alikuwa hai, na jioni anasoma vitabu. Fundi alikuwa amemuua kwa mdomo, kwenye benchi, na soda mkononi.

Alimpigia wakati wa chakula cha mchana, akiwa kwenye ngazi.

"Fundi, mke wako yuko wapi?"

"Nilikwambia."

"Niambie tena."

"Alifariki, Subiri. Kuna nini?"

"Haya. Tuishie hapa."

"Tuishie wapi? Nimefanya nini?"

"Usinipigie tena."

Hakuweza kusema amejuaje, maana angekuwa ametaja kosa lake. Akafuta machozi kwa mkono wa blauzi, akarudi kuvaa hedifoni. Na Fundi, akiwa juu ya paa la lifti kwenye jengo la ghorofa kumi na mbili, alijiambia kwamba hakuna mwanamke anayetaka mwanaume ambaye bado ana marehemu ndani ya nyumba. Hakumlaumu. Alifunga boliti zilizobaki, akashuka kwa ngazi.

Ukweli ni huu. Mke wake alikuwa mkunga, mpenzi wa riwaya. Alinunua kumi na saba, na kila alipokuwa akisoma aliandika pembeni ya ukurasa kwa ncha ya kidole, maana programu inaruhusu hivyo. Alipokufa, maandishi yale ndiyo yaliyobaki ya sauti yake. Mama yake mzazi, ambaye Fundi aliendelea kuishi naye na kumwita mama, aliyasoma kila jioni saa moja. Fundi alikaa kando kumkuzia herufi na kumwekea chaja. Yeye mwenyewe hakuwahi kusoma hata moja. Aliangalia ukuta.

Kuyatoa haikuwezekana. Ukipiga picha ya skrini, inatoka nyeusi. Walijaribu kuipiga picha kwa simu nyingine, kioo kibovu kikatoa mistari mitupu. Na siku simu ilipodai mwenye akaunti athibitishe, Fundi alipiga kampuni akasema mke yuko safarini, kwa sababu ukweli ungefuta kila kitu siku hiyo hiyo. Baadaye akampenda mwanamke ambaye kazi yake ni kufuta.

Wiki mbili baada ya simu ile ya kwenye ngazi, tangazo lilitokea kwenye kioo cha simu ya waridi: programu ya zamani itazimwa mwisho wa mwezi, tafadhali badilisha simu na uthibitishe. Zilibaki siku kumi na moja.

"Kawaambie," mama mkwe alisema.

"Wataifunga leo badala ya mwisho wa mwezi, mama."

"Na yule dada wako wa huko, si umuulize?"

"Ameniacha."

"Nimeona. Unakula kama unalazimishwa." Akachukua mkoba wake. "Sasa kama wewe hufungui mdomo, mimi nitaufungua wangu."

Alipanda ghorofa sita, akipumzika kila ngazi, amevaa gauni la kahawia na sweta ambayo hakuhitaji. Ilikuwa Jumatano, zamu ya Subiri kukaa kaunta. Mama mkwe hakumjua. Aliweka simu mezani, na Subiri akaliona kava la waridi.

"Mama, simu hii ni ya nani?"

"Ya mwanangu. Mkwe wangu ndiye aliyeitafutia betri."

Subiri akaisogeza simu karibu. "Na huyo mwanao, anaweza kuja athibitishe?"

Mama mkwe akamtazama kwanza, kama anayepima kitambaa. "Mkwe wangu alisema tuseme yuko safarini."

"Na ni kweli?"

"Safari ni safari. Ameondoka mwaka juzi, mwezi wa tatu. Hakuaga hata." Akavuta pumzi. "Naomba kitu kimoja. Nisome mpaka siku ya mwisho. Ameandika humo. Kuna mahali anasema, *mama angemzaba kibao huyu.* Kweli ningemzaba."

Kanuni ilikuwa wazi. Ameambiwa, inampasa aandike na abonyeze. Vidole vya Subiri vilikuwa tayari kwenye kompyuta. Akaviondoa, akaviweka magotini.

"Mama, sijaandika kitu."

"Andika mwanangu, kama ndiyo kazi yako."

"Nyumbani kuna daftari?"

"La nini?"

"Maneno ya mwandishi ni ya mwandishi, hayo hatuyagusi. Lakini ya pembeni ni ya mwanao, hatuibi ya mtu. Na kufuli letu halijui kuzuia kalamu. Kaa hapo. Natoka saa kumi na moja, tutashuka wote."

Fundi alipofungua mlango akamkuta Subiri nyuma ya mama mkwe, daftari tatu mkononi, alisahau kusema karibu.

"Nilifungua akaunti ya mkeo," Subiri alisema palepale. "Bila ruhusa. Nikasoma mke yuko safarini. Nikaamini kompyuta."

"Ulinichungulia?"

"Nilikuchungulia."

"Badala ya kuniuliza?"

"Nilikuuliza! Ulijibu maneno mawili. Na wewe, saa moja ya kila jioni, kwa nini hukuniambia?"

"Ungefunga."

"Ungejuaje?"

"Ulisema siku hiyo hiyo! Kwenye benchi, kwa mdomo wako!"

"Mnaweza kugombana mmekaa," mama mkwe alisema. "Mimi miguu imekwisha."

Wakakaa. Macho ya mama mkwe yalikuwa mazito na mkono wake wa taratibu. Subiri alikuwa na mwandiko wa haraka. Kwa hiyo ilibaki kazi moja: mtu wa kusoma kwa sauti. Wote wawili wakamtazama Fundi.

Aliishika simu muda mrefu. Kisha akasoma. "*Muongo mkubwa huyu.*" Akakohoa. "*Ukurasa huu mume wangu angeupenda, una lifti.*" Akaishusha simu magotini. Subiri hakumgusa, aliandika, akasubiri, kalamu juu ya mstari.

Waliyanakili jioni kumi. Mia tatu arobaini na moja. Subiri alianza kuijua sauti ya yule mwanamke, kejeli zake, hasira yake kwa wanaume wa riwaya, na mara mbili alicheka kabla Fundi hajamaliza kusoma. Kitabu cha mwisho kiliishia katikati. Pembeni ya ukurasa wa mia mbili na kumi na mbili kulikuwa na maneno matatu: *Nimesinzia. Kesho naendelea.*

Fundi aliyasoma, akaenda dirishani. Mama mkwe akaichukua kalamu mkononi mwa Subiri, akayaandika yale mwenyewe, taratibu, herufi kubwa kubwa.

"Sasa mimi utaniita nani?" alimuuliza Subiri, bila kuinua kichwa.

"Sijui, mama. Sidhani kama kuna jina lake."

"Umeshaniita."

Mwisho wa mwezi programu ilizimwa. Asubuhi iliyofuata Subiri alikwenda kwa msimamizi akasema kosa lake mwenyewe, la kuchungulia, kabla halijagunduliwa. Kwa kuwa alijisema mwenyewe, hakufukuzwa; alipewa barua ya onyo na kunyimwa zamu za kaunta miezi mitatu. Alirudi kitini, akavaa hedifoni.

Mchana simu iliingia.

"Huduma kwa wateja."

"Nataka kutoa taarifa ya kifo."

Ilikuwa sauti ya Fundi. Alikuwa amepiga na kukata mara nne, mpaka ampate yeye.

"Nani amefariki?" Subiri akauliza, maana fomu inauliza hivyo.

"Mke wangu. Mwaka juzi, tarehe tisa mwezi wa tatu."

"Kumbukumbu zetu zinasema yuko safarini."

"Nilidanganya. Mlirekodi uongo wangu, sasa rekodini ukweli."

Subiri akaandika. Kitufe kilikuwa kidogo kuliko alivyokumbuka. Akakibonyeza.

"Akaunti imefungwa. Pole sana."

"Asante. Andika na hili: mume anaomba kuoa. Anayeombwa ni wewe."

"Fundi, simu hii inarekodiwa."

"Ndiyo maana."

"Fomu haina nafasi ya hilo."

"Jibu kwa mdomo."

Kwenye kioo, taa nyekundu ilionyesha wateja kumi na tisa wanaosubiri. Msimamizi alikuwa amesimama nyuma ya kioo cha ofisi yake, mikono kiunoni. Shingo ilimuuma Subiri, na doa la chai la leo lilikuwa kwenye mkono wa blauzi.

"Ndiyo," alisema. "Lakini leo sina nguvu ya kufurahi. Njoo saa kumi na moja unichukue. Tutafurahi Jumamosi."

"Jumamosi saa ngapi?"

"Mchana. Asubuhi nalala."