Mwizi wa Mabango Yangu

Nilimkamata mwizi wa mabango yangu ya kampeni asubuhi kweupe... na alikuwa mume wangu!

Ndiyo, Fernand. Baba wa wanangu!

Nilikuwa nimejibanza ndani ya gari nyuma ya ghala la viazi. Nikamwona anang'oa bango lenye sura yangu, analitupia kwenye pikapu, anaangaza huku na huku, anatokomea.

Jamani!

Mimi naitwa Rosanne. Mihula mitatu nimekaa bunge la jimbo letu la Maine, Marekani, nikiwasemea wakulima wa huku kaskazini, naenda na kurudi Augusta, makao makuu ya jimbo, kwenye theluji. Sasa nilikuwa nawania muhula wa nne, na mabango yangu yalikuwa yanayeyuka barabarani!

Nikampigia mdogo wangu Gilman, meneja wa kampeni.

"Si nilikwambia?" akadakia. "Shemeji si mwenzetu!"

"Gilman, yule ni mume wangu..."

"Mume wako anakunywa kahawa kwa Adélard, dada. Uliza mtu yeyote."

Adélard Cyr! Mpinzani wangu!

Hapo nikaanza kuunganisha. Simu anazotoka kupokelea nje. Mikono inayonuka mafuta ya taa. Mbona sikuona?

Nikarudi nyumbani, nikamwandalia chapati zake za ngano nyeusi kama hakuna kitu.

"Leo ulidamka, eeh?"

"Nilienda kuweka petroli."

"Saa nzima?"

"Kulikuwa na foleni."

Foleni!! Kijiji chetu kina pampu moja na mbwa wa mwenye pampu! Foleni ya nani?

Nikamwongezea chapati. Lakini ndugu zangu, kula meza moja na mtu unayemshuku ni kazi. Kila akitabasamu najiuliza, huyu amenunuliwa kwa nini?

Gilman akazidi kunijaza. "Kesho una kipindi redioni. Sema Adélard anachafua jina lako na amemteka mumeo. Lia kidogo."

"Nilie?"

"Watu wanapenda, dada!"

Kesho yake, kabla ya redio, nikamfuata Fernand. Pikapu ikakunja moja kwa moja... kwa Adélard!

Nikashuka, nikausukuma mlango wa banda lake kwa mguu.

"Nimewakamata!"

Wazee wawili wakaniangalia, matambara yenye mafuta ya taa mkononi. Mbele yao kulikuwa na mabango yangu. Na juu ya kila sura yangu, rangi nyekundu: MSALITI.

Walikuwa wanayafuta!

"Rosanne..." Fernand akasema taratibu. "Sikutaka uyaone."

"Nani kafanya hivi? Ni wewe, Adélard?"

Adélard hakukasirika. Alinipa simu yake. "Kamera yangu ya kuvizia paa wa porini, ile niliyofunga kwenye mti kando ya barabara. Angalia mwenyewe."

Nikaangalia. Kopo la rangi. Brashi. Kofia ya kampeni yangu.

Gilman!! Mdogo wangu wa tumbo moja!

"Kwa nini hukuniambia?" nikamgeukia Fernand.

"Ningekwambia ni mdogo wako, ungemwamini nani?"

Jibu tulilijua wote wawili.

Nikampigia Gilman palepale.

"Dada, usipaniki! Huruma ndiyo kura! Nilitaka watu waone Adélard alivyo mbaya, lakini huyo mumeo kila nikipaka, anang'oa!"

"Kwa hiyo ukaniambia amenunuliwa."

"Nilikuwa nataka ushinde!"

Nikakata simu.

Redioni sikulia. Nilisema mabango yangu yalichafuliwa na meneja wangu mwenyewe, ambaye ni mdogo wangu, na kwamba Adélard Cyr hana kosa. Mtangazaji alisahau hata kuweka tangazo.

Novemba nikashindwa. Si kwa kura nyingi, lakini nikashindwa. Wengine walisema nimejimaliza kwa mdomo wangu. Gilman mpaka leo hatusemeshani, na inaniuma kuliko kile kiti.

Usiku wa matokeo Fernand aliniuliza, "Kweli kabisa, kwenye kile kijumba cha kupigia kura ulimpigia nani?"

Nikamwambia ale, chakula kinapoa.

Na wewe unayesoma, yupo mtu anayekuletea shaka kila siku kuhusu mwenzako? Kabla hujamfuatilia mwenzako, mfuatilie huyo anayekuletea habari. Mimi nilijificha nyuma ya ghala kumvizia mtu aliyekuwa ananilinda.

Kuhusu kura yangu... nilimpigia aliyekuwa anafuta sura yangu kwa tambara. Na hakuwa mume wangu, maana yeye hakugombea.