Gentrix na Timu Iliyoshinda

Wazazi na walimu wa Musanda, kisa hiki kinawahusu ninyi kwanza, watoto baadaye.

Katika boma la Erastus Makhanu, mkulima wa miwa, watoto wawili walisomea meza moja. Weldon alikuwa mwanawe wa kuzaa. Gentrix alikuwa binti wa marehemu ndugu yake, naye pia alimwita Erastus baba. Jioni, Roda mke wa Erastus akisonga obusuma, yaani ugali, wawili hao walipeana rula bila kugombana. Wote walikuwa Gredi ya Tisa, darasa moja.

Erastus alikuwa amemwahidi ndugu yake, siku zake za mwisho, kwamba Gentrix angesoma. Lakini alijiwekea sharti, na alilirudia mara nyingi wakati wa kula: "Mtoto asiyeweza nitamvumilia. Mvivu, hapana. Mvivu atatoka shuleni aende kazini."

Muhula wa pili, Mwalimu Wandera wa hisabati aliamua kuwaandaa wanafunzi kwa mtihani wa jometri kwa njia ya mashindano. Kila Ijumaa aliwapanga katika timu za watu watano. Alichora umbo ubaoni, na timu iliyoinua mkono kwanza ikajibu. Jibu sahihi lilileta alama mbili, kosa likaondoa moja. Mtu yeyote wa timu aliweza kujibu. Mchezo wenyewe haukuwa mbaya. Darasa lililokuwa likisinzia liliamka. Kasoro ilikuwa katika kanuni hiyo ya mwisho, na mwalimu hakuiona.

Weldon alikuwa nahodha wa timu yao. Ijumaa ya kwanza, Gentrix aliinua mkono kujibu swali hili: pembe mbili ziko kwenye mstari ulionyooka, moja ni nyuzi themanini, ya pili ni ngapi? Akasema themanini. Timu ikapoteza alama.

"Sasa utakuwa unatuangushanga hivi kila wiki?" aliuliza Elvis, mwenzao.

"Kuanzia leo hujibu," Weldon akamwambia. "Kazi yako ni kupiga makofi."

"Na nikijua jibu?"

"Hutajua."

Wakacheka. Gentrix akapiga makofi wiki sita. Nyumbani alimwomba Weldon amweleze mistari sambamba. "Ya nini, na wewe hujibu?" Weldon akasema, akafunga daftari. Gentrix alimwendea mwalimu pia.

"Mwalimu, mimi pembe sizielewi."

Mwalimu akatazama orodha ya alama ukutani. "Timu yenu inaongoza, Gentrix. Hujaelewa nini tena? Waulize wenzako."

Siku mbili kabla ya mtihani, timu ya Weldon ilitangazwa mshindi. Kila mmoja wao alipewa seti mpya ya jometri mbele ya shule nzima. Roda aliiweka ya Gentrix juu ya kabati la sebuleni, wageni waione.

Matokeo yakaja. Kati ya hamsini, Weldon alipata arobaini na moja. Gentrix alipata sita.

Erastus hakupaza sauti. Aliiteremsha ile seti akaiweka mezani.

"Hii ulipewa kwa nini?"

"Timu yetu ilishinda, baba."

"Ilishinda nini?"

"Maswali ya jometri."

"Na mtihani ulikuwa wa nini?"

"Jometri."

"Basi mambo unayajua. Ni kuandika ndiko umekataa."

"Sikuwa najibu, baba. Walinikataza."

Erastus akamgeukia mwanawe. "Huyu alikuwa kwenye timu yako?"

"Alikuwa."

"Kila Ijumaa?"

"Hakukosa hata moja."

Kila neno lilikuwa kweli. Roda ndiye aliyeuliza, "Lakini alikuwa anajibu?"

Weldon alijua kwamba jibu kamili lingemrudia yeye. "Sikumbuki, mama. Tulikuwa wengi."

Walikuwa watano.

Erastus alimpigia mwalimu simu. "Timu yake ilikuwa ya kwanza, mzee," Wandera alisema. "Labda hakujitahidi." Sasa Erastus alikuwa na zawadi, shahidi na neno la mwalimu. Jumatatu alimpeleka Gentrix Mumias kuosha vyombo katika hoteli ya mtu aliyefahamiana naye.

Mwezi mmoja baadaye, Elvis alikutana na Roda njiani. Roda alipomtaja Gentrix, kijana akacheka. "Huyo, mama? Huyo alikuwanga wa makofi tu. Weldon alimkataza kufungua mdomo."

Roda alimweleza mumewe. Erastus akasema neno lake limeshatoka. Kesho yake Roda akaenda Mumias peke yake, akamkuta Gentrix jikoni, mikono imechubuka kwa sabuni.

"Twende nyumbani, mwanangu. Nimejua ukweli."

"Baba amejua?"

"Nimemwambia. Anasema neno lake limeshatoka."

"Basi nitabaki," Gentrix akasema, akiendelea kusugua sufuria. "Hapa mtu akinituma kazi, ananionyesha kwanza."

Hajarudi shuleni hadi leo.

MAFUNZO

Alama za timu hupima timu. Hazimpimi mtoto aliyekaa ndani yake. Mwalimu anayefundisha kwa mashindano achague mwenyewe nani ajibu, na amtafute yule asiyeinua mkono. Kijana ajue kwamba nusu ya ukweli, ikisemwa mwenzake akiwa anahukumiwa, humwangamiza sawasawa na uongo. Na mzazi asihukumu kwa zawadi wala kwa simu. Erastus aliuliza watu watatu kama Gentrix alijua jometri. Hakumpa penseli achore pembe moja mbele yake. Ingechukua dakika moja.